Michael Corleone hakulazimishwa na mtu: tujadili steringi anayeoza huku tunamshangilia

Deki ya Mwisho

Wakuu, heshima kwenu.

Kila tukigusa filamu za majambazi humu jukwaani, lazima atokee mtu aseme Michael Corleone alikuwa kijana mzuri, ni familia tu ndiyo iliyomharibu. Leo nataka tubishane juu ya hilo, na tubishane kwa kile kinachoonekana kwenye kioo. Kama hujaiona The Godfather ya 1972, ishia hapa hapa, maana nitasimulia mpaka mlango unapofungwa.

Sisi tuliojifunzia sinema kwenye vibanda umiza tulikuwa na mgawanyo wetu: kuna steringi, kuna adui. Steringi hafi. Akifa, mkanda mbovu, na mwenye kibanda anadaiwa hela. Yule anayefuatwa na kamera ndiye mwenye haki, hakuna aliyeuliza anafanya kazi gani mjini. Ukiingia na mazoea hayo kwenye filamu ya Francis Ford Coppola umekwisha, kwa sababu jamaa anayafahamu vizuri kuliko wewe.

Hollywood nayo ilikuwa na sheria zake. Kuanzia 1934 mpaka 1968 studio zote kubwa zilibanwa na Kanuni za Hays: uhalifu usionekane unalipa, na mhalifu lazima apate malipo yake kabla taa za ukumbi hazijawashwa. Hata kabla ubanaji haujakolea, Scarface ya 1932 ilibandikwa maandishi mwanzoni ya kuwalaani majambazi ili ipite. Kwa hiyo jambazi aliruhusiwa kutamba filamu nzima, kuvaa suti, kubadilisha wanawake, mradi mwishoni aanguke na risasi. Mtazamaji alikuwa anakula starehe ya dhambi halafu anaenda nyumbani na dhamiri safi. Kanuni zikafutwa 1968, ukaja utaratibu wa kupanga filamu kwa umri. Miaka minne baadaye, Michael anamaliza filamu akiwa hai, yuko ofisini kwa baba yake, anabusiwa mkono.

Sasa tumfuate taratibu.

Kwenye harusi ya dada yake, mwaka 1945, amekaa na mchumba wake Kay akiwa na sare za jeshi. Anamsimulia jinsi baba yake, mkuu wa familia ya majambazi, alivyomlazimisha mtu asaini karatasi kwa kuwekewa bastola kichwani. Kisha anamwambia kwamba hiyo ni familia yake, si yeye. Wengi tunaishikilia kauli hiyo kama ushahidi wa usafi wake. Mimi namwangalia anavyosimulia. Hana aibu, hatetemeki, hajiumi ulimi. Mtu anayechukizwa na kitu hasimulii hivyo mbele ya mchumba.

Baba anapigwa risasi. Michael anakwenda hospitali usiku, anakuta walinzi wameondolewa. Anamhamisha mzee chumba kingine, kisha anasimama nje mlangoni na Enzo, kijana wa kuoka mikate aliyekuja na maua kumwona mzee. Wawili wote hawana silaha, wameweka mikono ndani ya makoti kujifanya wanazo. Gari la wauaji linafika, linasita, linaondoka. Enzo anatoa sigara, mikono inamcheza kiasi kwamba kiberiti hakiwaki. Michael anachukua kiberiti, anamwashia. Halafu anaitazama mikono yake mwenyewe. Imetulia tuli. Hasemi neno, filamu haisemi neno, muziki hauji kukuambia uhisi nini. Kwangu hapo ndipo kila kitu kinapoanzia. Kijana amegundua ana kipaji.

Baada ya hapo ndiyo kile kikao. Kaka yake Sonny na watu wa baba yake, Tom Hagen, Clemenza na Tessio, wanajadili. Michael amekaa kwenye kiti, taya limevimba kwa ngumi ya McCluskey, kapteni wa polisi. Hakuna aliyemwomba chochote! Anajitolea mwenyewe. Na kamera inamsogelea polepole huku akipanga jinsi ya kumuua Sollozzo, aliyeagiza mzee apigwe risasi, pamoja na yule polisi, mikono ameiegemeza kwenye kiti kama mwenye nyumba. Sonny anacheka, anamwambia amekasirika kwa sababu ya kipigo. Yeye anajibu kwamba hakuna hasira, hii ni biashara. Wale wanaosema alilazimishwa wanionyeshe ni nani chumbani mle aliyemlazimisha.

Mgahawani Bronx ndiyo tunamaliza ubishi. Clemenza alimpa maelekezo: toka chooni na bastola, piga papo hapo, risasi mbili mbili za kichwa, dondosha bastola, ondoka. Michael anaichukua bastola nyuma ya tangi la choo, anatoka... halafu anakaa tena mezani. Sollozzo anaongea Kiitaliano, maandishi ya tafsiri hakuna, na mlio wa treni unapanda mpaka unaumiza masikio. Huo mlio ni kazi ya Walter Murch, aliyesimamia sauti. Treni yenyewe hatuioni. Unachoona ni macho ya Al Pacino, anayemwigiza Michael, tu yakizunguka. Muda wote huo anaweza kughairi. Watu wa Paramount, studio yenye filamu, walikuwa wanataka kumfukuza Pacino kazi, wanamwona kapoa mno. Walipoiona sehemu hii wakanyamaza.

Na sisi? Tulishangilia. Hapo ndipo penye mtego. Sollozzo ni muuza unga. McCluskey ni polisi aliyenunuliwa na ndiye aliyemvunja kijana taya. Carlo, mume wa dada yake Michael, baadaye ni mpiga mke mjamzito na msaliti aliyemuuza Sonny. Kila anayeuawa na Michael kwenye filamu ya kwanza amepakwa uchafu wa kutosha kabla hajafa, ili sisi tuseme "anastahili". Tunasaini kila hatua. Tukija kushtuka, mtu wetu yuko kanisani anamkana Shetani kwa niaba ya mtoto wa dada yake, huku vijana wake wanamaliza wapinzani wake: mmoja kwenye mlango wa kuzunguka, mmoja kitandani, mmoja akiwa anakandwa misuli. Siku hiyo hiyo anamwambia Carlo kwamba hawezi kumfanya dada yake mjane, anampa na tiketi ya ndege. Dakika chache baadaye Carlo anapiga mateke kioo cha mbele cha gari, Clemenza kamkaba shingo kwa nyuma.

Ndiyo maana nasema ubovu unaooneshwa pale ni wa aina mbili: wa Michael, na wetu. Wa kwake tunaujadili kila siku. Wa kwetu tunaupita.

Karibuni. Matusi hapana.

Steringi Hafi

Mleta mada umeandika vizuri lakini unamwonea kijana. Baba yake amemiminiwa risasi akinunua machungwa. Anafika hospitali, polisi ndio wamewaondoa walinzi. Kapteni mwenyewe ndiye mlinzi wa muuaji. Sasa mkuu, hebu niambie angekwenda kuripoti kituo gani? Wewe ungekaa nyumbani unasali?

Nyie watu mmeangalia filamu mkiwa mmeshiba. Mwenye kuonewa ukimpa sheria ambayo imeshanunuliwa, unakuwa umempa karatasi.

Deki ya Mwisho

@Steringi Hafi swali lako ni zito na nalikubali nusu. Kwamba sheria ilikuwa imenunuliwa, kweli. Lakini angalia: usiku ule wa hospitali alishamwokoa baba yake bila silaha, na mwoka mikate. Na angalia mzee mwenyewe. Anaporudishwa nyumbani akaambiwa Michael ndiye aliyemuua Sollozzo, anageuza uso, machozi yanamlenga, anawapungia waondoke. Baadaye bustanini anamwambia hakutaka maisha haya yawe yake, alitaka awe seneta au gavana. Kwa hiyo mwenye kidonda hakuomba dawa hiyo.

Halafu ile ahadi. Anamwambia Kay ndani ya miaka mitano familia itakuwa halali kabisa. Kwenye sehemu ya pili, ya 1974, Kay anamkumbusha kwamba miaka saba imepita. Mtu aliyesukumwa kwenye shimo hutafuta ngazi. Huyu alijenga nyumba humo.

Mtaa wa Kirinyaga

Salamu kutoka Nairobi. Mbona mnazunguka New York na tuna yetu hapa? Nairobi Half Life, 2012, ya David Tosh Gitonga. Ndiyo filamu ya kwanza Kenya kuipeleka kugombea Oscar ya lugha ya kigeni, na Joseph Wairimu, anayemwigiza Mwas, alishinda mwigizaji bora kwenye tamasha la filamu la Durban mwaka huo huo.

Mwas anatoka kijijini ambako anauza DVD, na anaziuza kwa kuigiza vipande vya filamu mbele ya wateja. Ndoto yake ni jukwaa. Anafika Nairobi, siku hiyo hiyo anaporwa kila kitu, halafu yeye ndiye anayekamatwa. Seli anasugulishwa choo ambacho ukikiona unataka kusimamisha filamu. Humo ndimo anapokutana na Oti. Akitoka, anayemjali mjini ni Oti peke yake, na kazi ya Oti ni kung'oa vioo vya pembeni na taa za magari. Kutoka vioo, genge linapanda hadi magari yenyewe, na mchana Mwas anafanya mazoezi ya mchezo wa kuigiza na watu wa ukumbini.

Tofauti na Michael ni hii. Michael alikuwa na Kay, medali za vita, chuo, na jina. Mwas hana hata shilingi ya matatu. Na polisi wa ile filamu si mtu mmoja mchafu kama McCluskey. Ni karao wanaokula mgao wa wezi, na siku mambo yakiharibika wanawapeleka wale vijana mahali pa kuwamaliza. Mimi nimekulia karibu na Kirinyaga Road, kioo cha gari yako unakuta kinauzwa hapo na unarudi kukinunua. Hakuna anayeuliza kimetoka wapi. Kwa hiyo ukisema uoza, anza na mnunuzi.

Deki ya Mwisho

Umenipa kitu @Mtaa wa Kirinyaga. Mnunuzi wa kioo ni sisi wa kibandani kabisa.

Binti wa Ngamiani

Mimi naomba tuhame upande wa wanaume kidogo. Mmeandika yote haya na Kay ametajwa kama mtu wa kuahidiwa vitu tu.

Angalieni milango. Mwisho wa 1972, Connie, dada yake Michael, anaingia analia, anamwita Michael muuaji wa mumewe. Kay anamwuliza. Michael anakasirika, halafu anamruhusu aulize biashara yake mara hii moja tu, na anamjibu hapana. Anadanganya akimtazama machoni, na Kay anashusha pumzi, amefurahi! Kisha anatoka kutafuta kinywaji, anageuka, anaona wale wanaume wanambusu mumewe mkono, na mlinzi anafunga mlango. Kwenye ya 1974 Kay amekuja kuona watoto wake kwa kificho. Michael anamkuta mlangoni, wanatazamana, na safari hii anaufunga mwenyewe usoni kwake.

Mwaka ule wa kwanza alihitaji mtu wa kumfungia mlango. Mimi hicho ndicho kipimo changu, kuliko idadi ya maiti. Na Apollonia, mke wa kwanza wa Michael kule Sicily? Binti wa watu kaolewa, kajifunza kuendesha gari, kalipuliwa kwa bomu lililotegwa kwa ajili ya mume. Filamu haimtaji tena. Wangapi humu mlikumbuka jina lake kabla sijaliandika?

Kahawa Chungu

Wakuu, tuwe wakweli, hizi filamu zinaharibu vijana. Mtoto wa miaka 15 haoni mikono iliyotulia wala milango. Anaona suti, magari na watu wanaogopa. Nendeni kwenye saluni za kiume na kwenye bodaboda mhesabu picha za Tony Montana wa Scarface ya 1983. Yule aliishia kuelea kwenye dimbwi la maji nyumbani kwake, lakini picha ya dimbwini hakuna aliyeibandika. Kenya walikuwa na haki kuipiga marufuku The Wolf of Wall Street mwaka 2014.

Mtaa wa Kirinyaga

Marufuku gani? Ilipigwa marufuku na siku hiyo hiyo kila mtu akaitafuta. Ulitaka kuipa tangazo bora kuliko hilo?

Deki ya Mwisho

@Kahawa Chungu hoja ya picha ya Tony Montana ni ya kweli na sina njia ya kuikwepa. Filamu ikishatoka, mtu anakata kipande anachokitaka na kukibandika ukutani. Brian De Palma, mwongozaji wake, hawezi kuja kusimama saluni kufafanua.

Ila hiyo The Wolf of Wall Street ya Scorsese uliyoitaja ni mfano unaonipa nguvu mimi. Steringi wake, Jordan Belfort, ni mtu wa kweli, alidhulumu wawekezaji kwa hisa za ovyo, akafungwa miezi 22 tu. Filamu inakaa naye saa tatu kwenye starehe, wale waliopoteza akiba zao hatuwaoni. Watu wengi waliilalamikia kwa hilo. Lakini kumbuka vitu viwili vya mwishoni. Cha kwanza, yule askari wa FBI aliyemkamata anapanda treni ya chini ya ardhi kurudi nyumbani, anawatazama abiria waliochoka kama yeye. Hakuna sherehe. Wewe uliyekaa pale ulitaka kuwa nani muda ule, yeye au yule aliyefungwa? Jibu kimoyomoyo. Cha pili, Belfort ametoka jela, anafundisha watu kuuza, anawapa kalamu mmoja mmoja wamuuzie. Kamera inamwacha yeye na kuinuka juu ya nyuso za wasikilizaji, midomo wazi, wamelipa kiingilio. Na anayemkaribisha ukumbini pale ni Belfort mwenyewe wa kweli. Scorsese kamweka mwizi halisi jukwaani, kisha kakugeuzia kioo.

Kipande hicho hakibandikwi saluni kwa sababu ndani yake tupo sisi.

Mjukuu wa Hadithi

Nimesoma toka juu. Nyie mnadhani haya yaliletwa na wazungu? Bibi zetu walitusimulia Sungura. Sungura ni mwizi, mwongo, anakula mazao ya wenzake waliolima, anamtwisha Fisi kosa, Fisi anapigwa. Na sisi tunacheka mpaka tunalala. Hakuna bibi aliyesimama katikati akasema "wajukuu, msimuige". Mbona hatukuwa wezi wote?

Binti wa Ngamiani

Sungura ni mdogo, mkuu. Anawazidi akili Simba na Tembo ambao wangemla. Ukimpa Sungura kiti cha Simba, hadithi inabadilika na kicheko kinaisha.

Mjukuu wa Hadithi

Sasa na Michael si alianza hivyo hivyo? Kijana mmoja, bastola moja, mbele ya muuza unga na kapteni wa polisi. Tunamshangilia mgahawani kwa sababu bado ni Sungura. Tatizo letu ni kwamba alipopata kiti tuliendelea kushangilia kwa mazoea.

Deki ya Mwisho

Hiyo ndiyo comment ya uzi huu. Nilikuwa naizunguka tangu mwanzo.

Steringi Hafi

Nawasoma. Na Walter White mnamwekaje? Yule alikuwa na saratani na familia ya kulisha, mwalimu wa kemia mwenye mshahara mdogo. Msiniambie naye alikuwa na kipaji tu.

Kahawa Chungu

Breaking Bad ni tamthilia, uzi ni wa filamu. Ila kwa kuwa umeuliza: msimu wa kwanza tu rafiki zake matajiri walitaka kumlipia matibabu yote, akakataa. Na sehemu ya mwisho kabisa anakiri kwa mkewe kwamba aliyafanya kwa ajili yake mwenyewe. Sasa familia inaingiaje hapo?

Steringi Hafi

Sawa, kwa huyo nawaachia. Kwa Michael bado nimesimama hapa. Mnamhukumu kwa filamu ya kwanza kwa sababu mmeshaiona ya pili.

Deki ya Mwisho

Basi twende kwenye ya pili. Fredo alimsaliti, hilo hatubishani. Lakini Fredo ni kaka mkubwa aliyerukwa, mpole, mwoga, hawezi tena kumdhuru mtu. Hatari imeshaisha. Michael anasubiri mama yao afe kwanza. Msibani anamkumbatia Fredo mbele ya watu, na juu ya bega la Fredo anamtazama Al Neri, muuaji wake. Fredo anadhani amesamehewa. Anaanza kumfundisha mtoto wa Michael kuvua samaki, anamwambia siri ya kupata samaki ni kusali Salamu Maria kila unapotupa ndoano. Tunamwona mara ya mwisho ziwani, boti moja na Neri, anasali. Michael yuko dirishani. Mlio mmoja.

Hapo hakuna polisi aliyenunuliwa, hakuna taya lililovunjwa, hakuna mke aliyepigwa. Coppola ameondoa kila kisingizio alichotupa 1972. Na kumbuka taa za Gordon Willis, mpiga picha wao: alimulika kutokea juu mpaka macho ya hao watu yanakuwa mashimo. Kwenye ya pili Michael anakaa gizani zaidi na zaidi. @Steringi Hafi, mwenzangu, nani alimlazimisha kwa Fredo?

Steringi Hafi

Kwa Fredo sina la kusema. Niliizima pale pale mara ya kwanza.

Mgeni Ukumbini

Samahani wakuu, mimi sijaziona zote, nimeona ya kwanza tu na mmeshaniharibia. Je, ile ya tatu inafaa au niishie ya pili? Naambiwa ni mbovu.

Deki ya Mwisho

Pole, niliwaonya juu kabisa. Iangalie, ila usitafute ile ya 1990. Tafuta toleo Coppola alilolikata upya 2020, limeanza na kuisha tofauti kidogo na linakwenda haraka. Watu walimsema sana Sofia Coppola, binti wa mwongozaji, kwa uigizaji wake kama Mary, mtoto wa Michael. Mimi simsemi. Kitoto kinachobatizwa kwenye filamu ya kwanza, wakati Michael anamkana Shetani, ni huyo huyo Sofia. Ukifika kwenye ngazi za jumba la opera Palermo uje hapa uendelee na uzi.

Binti wa Ngamiani

Na ukirudi, anza kwa kutaja jina la yule binti wa Sicily.